Faili lako la zamani mahakamani: namna ya kujua kama limefungwa, kulifunga vizuri, au kulifufua

Mama mmoja wa Kayenze, huku Ilemela, alilima nusu ya shamba lake kwa miaka tisa. Nusu ya pili, ile inayoteremka kuelekea ziwani, aliiacha ikaota magugu kwa sababu jirani yake alikuwa na karatasi yenye muhuri wa baraza la ardhi, imeandikwa kwamba mtu yeyote asiliguse eneo hilo mpaka shauri la msingi lisikilizwe. Siku niliyomsindikiza masjala, yaani ofisi inayotunza mafaili ya kesi, tulilikuta jalada. Shauri la msingi lilifutwa mwaka wa pili tu tangu lifunguliwe, na zuio lilikufa pamoja nalo. Miaka saba yote iliyofuata mama yule aliogopa karatasi isiyo na nguvu, na hakuna aliyemwambia.

Mimi ni msaidizi wa kisheria, si wakili. Siruhusiwi kusimama mahakamani kwa niaba ya mtu, lakini naruhusiwa kumweleza njia, kumwandalia maswali na kukaa naye kwenye benchi. Kwa kazi hiyo nimeona kwamba watu wengi wa Mwanza wenye kesi za zamani hawajui jambo moja dogo: kesi yao ilifungwa kwa neno gani. Na neno hilo ndilo linaloamua kama haki yao bado ipo. Mwongozo huu ni wa Tanzania Bara, na nimeuandika kwa mtu asiye na wakili.

Kwanza tuelewane: kupitwa na wakati si kuwa nje ya muda

Maneno haya mawili watu huyachanganya kila siku.

Shauri likiwa nje ya muda, maana yake ulichelewa kulifungua. Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, imeweka mipaka: kudai ardhi ni miaka 12, madai ya mkataba miaka 6, madai ya fidia kwa madhara uliyotendewa miaka 3. Ukivuka mpaka bila ruhusa, shauri linatupwa hata kama una haki kama jua la mchana.

Shauri likiwa limepitwa na wakati, hukuchelewa. Ulifungua mapema, ila dunia imekwenda mbele na kile ulichokiomba hakina maana tena. Chukua mfano wa kubuni: mtu wa Sengerema alifungua maombi miaka mingi iliyopita akitaka mahakama iamuru kivuko cha Kigongo na Busisi kifanye kazi usiku kucha. Juni 19, 2025 Daraja la J.P. Magufuli lenye urefu wa kilomita 3 lilifunguliwa pale pale, na sasa magari yanapita saa zote. Hata jaji akimpa ushindi leo, atampa nini? Ombi limekufa bila mtu kulishinda wala kulishindwa.

Mahakama za nchi nyingi husafisha masjala kwa kufunga mashauri ya namna hii. Agosti 30, 2022 Mahakama ya Juu ya India ilifunga kwa siku moja maombi yaliyotokana na ghasia za Gujarat za mwaka 2002, na pia maombi ya kudharau mahakama yaliyohusu kubomolewa kwa Msikiti wa Babri, Ayodhya, Desemba 6, 1992. Katika hilo la pili, aliyelifungua alikuwa amekwisha kufariki, na mgogoro wenyewe wa kiwanja ulikuwa umeamuliwa Novemba 2019. Huko kuna watu walioona ni sawa na kuna walioumia, maana kwao kufunga faili kulifanana na kufunga mdomo. Nawaelewa wote wawili. Kwa sisi huku ziwani jambo la kujifunza ni hili: faili lisilo na mtu wa kulisemea likikaa sana, siku moja litafungwa, na sababu itaandikwa na mwingine.

Kwetu pia mahakama inajipima. Shauri linalozidi miezi 24 Mahakama Kuu, miezi 12 katika Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi, na miezi 6 katika Mahakama ya Mwanzo linahesabiwa kuwa mlundikano. Hakimu mwenye mlundikano anaulizwa. Kwa hiyo faili lako la mwaka 2012 si siri, lipo kwenye orodha ya mtu.

Hatua ya 1: Tafuta namba kabla hujapanda daladala

Masjala haitafuti jina la mtu, inatafuta aina ya shauri, namba na mwaka. "Shauri la Madai Na. fulani la mwaka fulani." Ukifika bila namba utazungushwa, na mara nyingi si kwa ubaya wa karani.

Namba utaipata kwenye samansi ya zamani, stakabadhi ya malipo, nakala ya hati ya madai, au barua ya wakili wako wa wakati ule. Kama vyote vimeliwa na mchwa, kumbuka kwamba mpinzani wako anayo namba ile ile. Shemeji au jirani anayezungumza naye anaweza kukupatia. Maamuzi ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani mengi yapo bure kwenye tovuti ya TanzLII, na humo unaweza kutafuta kwa jina lako. Mashauri mapya yapo kwenye mfumo wa kielektroniki wa kusimamia mashauri, lakini usitegemee mfumo huo kwa kesi ya miaka kumi na mitano iliyopita.

Angalia pia ni masjala ipi. Watu wa Mara na Geita zamani walikuwa wakija Mwanza, siku hizi Mahakama Kuu ina kanda Musoma na Geita, na majalada mengine yalihamia huko. Kesi za ardhi za Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya zina masjala yake, usiende kuziulizia Mahakama ya Wilaya. Na kama shauri lako lilikuwa Baraza la Kata, fahamu kwamba tangu mwaka 2021 mabaraza hayo hayatoi tena maamuzi, yamebaki kusuluhisha tu. Ukiwa na mgogoro uliokwama huko tangu kabla ya mabadiliko, usisubiri hukumu kutoka kata.

Hatua ya 2: Nenda ukalione jalada kwa macho yako

Omba kukagua jalada. Ni haki ya mtu aliye upande katika shauri. Nenda na kitambulisho, andika barua fupi yenye namba ya shauri, majina ya pande zote na namba yako ya simu. Ukiambiwa kuna ada, omba namba ya malipo ya serikali, lipa kwa simu au benki, tunza stakabadhi. Usimpe mtu fedha mkononi. Niliwahi kumwona mzee kutoka visiwani akitoa nauli yake ya kurudia kama "hela ya kutafutia faili", na faili halikupatikana. Akalala stendi.

Jalada likija, usipoteze muda na kurasa za mwanzo unazozifahamu. Fungua mwenendo, yaani kurasa ambazo hakimu aliandika kila siku mlipofika, kisha nenda ukurasa wa mwisho. Nakili mambo matatu kwenye daftari lako, neno kwa neno:

- tarehe ya amri ya mwisho;
- nani aliandikwa yupo na nani hayupo;
- neno lililotumika kulimaliza shauri.

Ukiona ukurasa wa mwisho unasema tu kwamba shauri limeahirishwa na hakuna kitu baada ya hapo, basi halijafungwa. Limelala. Andika barua kwa Naibu Msajili (kama ni Mahakama Kuu) au hakimu mfawidhi, uombe lipangiwe tarehe, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.

Kama lilifungwa nawe hukuwa na habari, tazama nyuma zaidi: je, kuna uthibitisho kwamba uliitwa? Sheria inaruhusu wito mbadala, yaani kubandikwa mahali pa wazi au kutangazwa gazetini, pale mtu anaposhindwa kupatikana. Mtu aliyehama Pasiansi kwenda kutafuta dhahabu Geita hawezi kuona karatasi iliyobandikwa kwenye mlango wa nyumba aliyopanga zamani. Nakili namna ulivyoitwa. Itakufaa hatua ya 5.

Hatua ya 3: Lisome neno, maana humo ndimo kesi ilipo

Hapa namwomba msomaji asiharakishe.

*Lilifutwa kwa sababu wote hawakuhudhuria.* Kwa Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, hapa mdai ana milango miwili: kuomba shauri lirudishwe, au kufungua shauri jipya ikiwa muda wa ukomo bado haujaisha.

*Lilifutwa kwa sababu mdai hayupo na mdaiwa yupo.* Yanafanana kwa kuyasikia, lakini mlango mmoja umefungwa. Mdai hawezi kufungua shauri jipya juu ya jambo lile lile. Anaweza tu kuomba amri ile itenguliwe. Ndiyo maana nasema nakili nani alikuwepo. Maneno mawili, "mdaiwa yupo", yanaweza kukugharimu kiwanja.

*Liliondolewa mahakamani kwa kasoro.* Hapa mahakama haikusikiliza hoja zako. Imesema nyaraka zako zina kosa, au ulikwenda mahakama isiyohusika. Unaweza kurekebisha na kurudi, ila saa ya ukomo inaendelea kuhesabu. Kama ulipoteza muda kwa nia njema kwenye mahakama isiyo na mamlaka, sheria inaruhusu muda huo uondolewe kwenye hesabu, lakini lazima uuombe na kuuonyesha.

*Liliondolewa na mdai mwenyewe.* Soma mbele: je, kuna maneno "kwa ruhusa ya kufungua upya"? Kama yapo, unaweza kurudi. Kama hayapo, huwezi. Na hata ukipewa ruhusa, ukomo unahesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikuwahi kuwepo. Wengi hawaambiwi hilo. Wanaondoa shauri la miaka mitano wakidhani wamesimamisha saa.

*Lilikoma kwa kifo.* Mdai au mdaiwa akifariki, na haki yenyewe si ile inayozikwa na mtu, anayeingia mahali pake ni mwakilishi wake wa kisheria, kwa kawaida msimamizi wa mirathi. Maombi ya kumwingiza yafanywe ndani ya siku 90. Familia zetu huzika, hufanya arobaini, hukaa kikao cha ukoo, ndipo mtu anakumbuka kwamba marehemu alikuwa na kesi. Siku 90 zimekwisha. Kama baba yenu ana kesi, mwanafamilia mmoja ajue namba yake angali hai.

*Lilitupwa baada ya kusikilizwa.* Hilo si faili la zamani, hilo ni hukumu. Njia yake ni rufaa, si kufufua.

Na zuio? Zuio la muda linalotolewa kwa Sura ya 33 halizidi miezi 6, linaweza kuongezwa, lakini jumla yake haivuki mwaka mmoja. Na shauri la msingi likifa, zuio halibaki peke yake. Mtu akikuonyesha zuio la mwaka 2015 kwenye kiwanja cha Buswelu, usibishane naye barabarani wala usiondoke kwa hofu. Soma tarehe, nakili namba, nenda masjala.

Hatua ya 4: Pima kama ombi lako bado lina uhai

Chukua hati yako ya madai au maombi, nenda ukurasa wa mwisho kwenye sehemu ya nafuu unazoomba. Isome kila moja, ujiulize: mahakama ikinipa hiki kesho asubuhi, kuna kitu kitabadilika?

Tuseme uliomba kibanda chako cha Makoroboi kisivunjwe. Kilivunjwa. Nafuu hiyo imekufa, usiililie. Lakini pengine ulikuwa na mali ndani, na mali ilipotea. Fidia haijafa. Shida ni kwamba watu hufungua shauri lenye nafuu moja tu, zuio, na zuio likipitwa na wakati shauri zima linafungwa wakati madai halisi, ya fedha, hayakuwahi kuandikwa. Kama shauri bado lipo, omba kurekebisha hati ya madai uongeze fidia. Kama limefungwa, hesabu ile miaka 3 tangu siku ya tukio.

Na ukitaka kuishtaki halmashauri au taasisi ya serikali, kuna hatua ya ziada: notisi ya siku 90 kabla ya kufungua, Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Tangu mwaka 2020 serikali za mitaa zimo kwenye utaratibu huo. Niliwaona wafanyabiashara waliokwenda moja kwa moja na shauri likaondolewa. Walipomaliza notisi, muda ulikuwa umewabana. Kwa hiyo hesabu zile siku 90 ndani ya miaka yako 3, si nje yake.

Yapo mambo yasiyopitwa na wakati hata faili likiwa na vumbi: nani mwenye ardhi, nani mrithi, deni lisilolipwa. Hakimu au karani akikuambia "hii ya zamani sana, tuifunge", na ombi lako ni mojawapo ya hayo, mjibu kwa heshima kwamba bado unalihitaji, uombe iandikwe kwenye mwenendo kwamba umesema hivyo. Uzee wa faili peke yake haufuti haki.

Hatua ya 5: Kulifufua, kama bado lina uhai

Muda ni siku 30 tangu siku ya amri ya kulifuta. Hazihesabiwi tangu siku uliyosikia. Ndani ya siku hizo unapeleka maombi ya kurudisha shauri, yakiambatana na hati ya kiapo inayoeleza kwa nini hukufika. Siku hizi unaweza kuyaandika kwa Kiswahili bila wasiwasi: tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama.

Siku 30 zikipita, unaanza na maombi mengine: kuongezewa muda. Hapa ndipo wengi huanguka, kwa sababu huandika "nilikuwa mgonjwa" na kunyamaza. Mahakama ya Rufani, katika shauri la Lyamuya Construction dhidi ya wadhamini wa YWCA Tanzania, Maombi ya Madai Na. 2 ya mwaka 2010, iliweka vigezo vinavyotumiwa hadi leo. Mwombaji aeleze kipindi chote alichochelewa, ucheleweshaji usiwe wa kupita kiasi, aonyeshe kwamba alikuwa akifuatilia na si mzembe, na kama kuna jambo zito la kisheria, mfano uamuzi wenyewe ulitolewa kinyume cha sheria, alitaje.

Kipindi chote maana yake siku baada ya siku. Chora jedwali kwenye daftari. Tarehe 3 hadi 19, nilikuwa nimelazwa Bugando, hii hapa karatasi ya kuruhusiwa. Tarehe 20 hadi 24, nilikuwa Nansio, ziwa lilichafuka, meli haikutoka, hii hapa tiketi iliyobadilishwa tarehe. Tarehe 25 nilikwenda masjala, hii hapa barua yenye muhuri. Siku tatu zisizo na maelezo zinatosha kukuangusha. Watu wa Ukerewe na visiwa vingine, tunzeni tiketi za meli. Safari ya ziwani ni sababu inayoeleweka na kila mtu wa Mwanza, ila jaji anataka karatasi.

Kama hukuitwa ipasavyo, hiyo ndiyo hoja yako ya kwanza na yenye nguvu kuliko zote. Iandike juu kabisa ya kiapo, utaje ukurasa wa mwenendo uliounakili.

Hapa pia natoa ushauri wa moyoni: kwa hatua hii tafuta wakili, hata kwa siku moja ya kuandaa kiapo. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inampa mtu asiye na uwezo nafasi ya kuomba msaada bure, na ustawi wa jamii kwenye halmashauri yako wanaweza kukuelekeza kwa watoa msaada waliosajiliwa. Katika Wiki ya Sheria, mwishoni mwa Januari, mahakama zenyewe hutoa elimu na ushauri hadharani. Ila usiingojee Januari kama siku zako 30 zinaisha Agosti.

Hatua ya 6: Kulifunga mwenyewe, kama limekufa

Kuna watu huona aibu kuondoa kesi, wanadhani ni kushindwa. Sivyo. Kesi iliyokufa ikiachwa wazi huzuia benki kukupa mkopo kwa hati, hufukuza mnunuzi, huwarithisha watoto ugomvi wasioujua chanzo chake. Ukiifunga mwenyewe unachagua maneno. Usipokwenda, yatachaguliwa.

Nenda siku ya kutajwa ukaombe kwa mdomo, au andika notisi. Maneno yanaweza kuwa hivi:

"Mimi, mdai katika shauri lililotajwa hapo juu, naomba kuliondoa mahakamani kwa sababu nafuu niliyoiomba imepitwa na wakati: kibanda nilichoomba kisivunjwe kilikwisha kuvunjwa. Naomba ruhusa ya kufungua shauri jipya la fidia kuhusu tukio hilo. Naomba pia kila upande ubebe gharama zake."

Kila sentensi ina kazi. Ya kwanza inaonyesha kwamba hukukimbia. Ya pili inaacha mlango wazi, na lazima uiombe siku hiyo hiyo kwa kutoa sababu ya kutosha, maana haiji yenyewe. Ya tatu inakukinga na gharama: mdaiwa aliyepewa gharama ana siku 60 za kuwasilisha hesabu yake, na nimeona mtu akishangaa kudaiwa fedha kwa kesi aliyoiondoa kwa amani. Zungumza na upande wa pili kabla. Mkikubaliana kwenye korido kuhusu gharama, mkaingia ndani na kauli moja, kazi ya hakimu ni nyepesi.

Kama mmepatana nyumbani, kwa mfano ndugu wamegawana kiwanja cha Igoma kwa kikao cha ukoo, usiliondoe shauri hivi hivi. Andikeni hati ya mapatano, wote msaini, muiwasilishe mahakamani ili iwe sehemu ya hukumu. Mapatano yaliyosajiliwa hivyo yanaweza kukaziwa, yaani kutekelezwa kwa amri ya mahakama, kama hukumu nyingine yoyote, na muda wa kukazia hukumu ni miaka 12. Mapatano yaliyobaki kwenye daftari la mwenyekiti wa kikao hugeuka hadithi siku mmoja wenu akifariki.

Mirathi ni habari yake peke yake

Majalada mengi ya zamani ninayokutana nayo si ya ugomvi. Ni ya mirathi iliyofunguliwa, msimamizi akateuliwa, akapata barua ya kutolea fedha benki, na hakurudi tena. Miaka kumi na mitano baadaye wajukuu wanaambiwa "mirathi ipo mahakamani". Haipo mahakamani. Ipo mikononi mwa msimamizi ambaye hajatoa hesabu.

Katika Mahakama ya Mwanzo, msimamizi anatakiwa kuwasilisha orodha ya mali na madeni kwa Fomu Na. 5 ndani ya miezi 4 tangu ateuliwe, halafu hesabu ya mgawanyo kwa Fomu Na. 6 kama mahakama itakavyopanga. Mirathi iliyofunguliwa Mahakama ya Wilaya au Mahakama Kuu, orodha ni ndani ya miezi 6 na hesabu ndani ya mwaka mmoja. Mahakama ikiridhika, inatoa amri ya kufunga mirathi, na usimamizi unaishia hapo.

Kama wewe ni mrithi na umechoka kusubiri, usifungue mirathi ya pili. Nenda kwenye jalada lile lile, andika barua kuomba msimamizi aitwe aeleze. Akiwa amefariki, omba msimamizi mwingine ateuliwe amalizie kazi. Na fanya hivyo kabla hesabu haijapokelewa na faili kufungwa. Baada ya hapo kumwondoa msimamizi hakuna maana tena kwa kuwa hana kazi ya kuondolewa, na utabaki na njia ndefu ya kumshtaki kwa mali uliyonyimwa. Akina mama wajane, na binti mlioolewa mbali mkaambiwa hamhusiki: hapa ndipo penu. Jalada halimwulizi mtu ameolewa wapi.

Amri ikishatoka

Omba nakala ya amri iliyothibitishwa kwa muhuri, angalau tatu. Omba pia kurudishiwa vielelezo vyako vya asili: hati ya kiwanja, mkataba wa mauziano, risiti. Watu huviacha humo, na majalada yakishahamishwa kwenda bohari ya kumbukumbu, kuvipata ni kazi ya miezi. Kama zuio au amri ya mahakama iliandikwa kwenye hati yako kwa Msajili wa Hati, peleka nakala ya amri ya kufunga ili lifutwe. Mahakama haitapeleka kwa ajili yako.

Mama wa Kayenze alipeleka nakala moja kwa mwenyekiti wa mtaa. Ya pili alimpa jirani yake mbele ya mashahidi wawili, naye akasaini kwamba ameipokea. Ya tatu ameifunga kwenye nailoni pamoja na karatasi ya mauziano ya mwaka ule mumewe aliponunua. Mvua za vuli zilipoanza alilima viazi kwenye ile nusu ya chini, akaishia mita 60 kutoka kwenye maji kama Sheria ya Mazingira inavyotaka, na hapo akapanda miti kuonyesha mpaka.